"Nishushie kichwa kidogo"

Ni upasuaji wa kujifungua, na mtoto ameshalia. Yuko pembeni anafutwa, na mama amegeuza shingo kumtafuta kwa macho. Kondo la nyuma limetoka. Daktari ameutoa mfuko wa uzazi nje, ameulaza juu ya tumbo, na uzi wa kwanza umeanza kupita. Matumbo yanamsumbua, kila mara yanajaa kwenye jeraha. Anasema bila kuinua macho:

"Kaka, nishushie kichwa kidogo."

Mtu wa usingizi anazungusha mkono wa kitanda. Kitanda kinainama nyuzi 10, labda 15. Matumbo yanarudi upande wa kifua, jeraha linaonekana vizuri, kazi inaendelea.

Dakika tatu baadaye mama anasema kifua kinambana. Oksimita, kipimo cha oksijeni cha kidoleni, iliyokuwa inasoma 98 inasoma 91. Presha imeshuka. Anapewa oksijeni, anapewa efedrini ya kupandisha presha, anaambiwa apumue taratibu. Mfuko unashonwa, unarudishwa ndani, na namba zinapanda. Kwenye faili panaandikwa: "Presha ilishuka kidogo, ikarekebishwa."

Yeyote anayekaa upande wa kichwa cha mgonjwa, hapa Kigoma au kwingine, anaijua dakika hiyo. Maelezo yake yako tayari: ganzi ya mgongo imepanda, damu imetoka, mama ana hofu. Mara nyingi ndivyo ilivyo.

Kilichonisumbua kwa wiki kadhaa ni ule mkono wa kitanda.

Mpira wa mafuta wa Kibirizi

Pale Kibirizi, kwenye mwalo wa boti wa Kigoma, kijana anayehamisha petroli kutoka kwenye dumu kwenda tangi la injini ya boti anatumia kipande cha mpira. Anavuta mara moja kwa mdomo (asingepaswa, lakini nani anamsikiliza nani), kisha mafuta yanatiririka yenyewe.

Uzibe mdomo wa mpira ule, kisha uutoboe kwa chini, karibu na tangi, petroli itaruka nje. Utoboe pale juu unapopindia, juu ya usawa wa mafuta yaliyo ndani ya dumu, na hakuna tone litakalomwagika. Utasikia kamluzi tu. Mpira unavuta hewa.

Hiyo ndiyo habari nzima ya hewa kuingia kwenye vena, mishipa inayorudisha damu moyoni, wakati wa upasuaji. Tumezoea kuogopa jeraha linalotoa damu. Jeraha lililo juu ya moyo linaweza kutotoa damu kabisa, likaonekana safi, na daktari akafurahi.

Namba zake ni ndogo kuliko mtu anavyodhani. Mtu akilala chali, shinikizo kwenye chemba ya juu ya kulia ya moyo ni kama sentimita 3 hadi 10 za maji. Kila sentimita moja unayopandisha jeraha juu ya moyo inapunguza takriban sentimita moja kwenye shinikizo hilo. Jeraha likiwa sentimita 15 juu ya moyo, vena iliyo wazi pale iko chini ya shinikizo la hewa ya chumbani. Tofauti ya sentimita 5 tu, yaani upana wa vidole vitatu, inatosha kupitisha karibu mililita 100 za hewa kwa sekunde moja kwenye tundu la kanula (sindano ya kuwekea dripu) ya rangi ya chungwa, ile kubwa ya geji 14.

Kiasi kinachokadiriwa kumuua mtu mzima kikiingia kwa haraka ni mililita 200 hadi 300. Kwa tundu lile, ni sekunde mbili au tatu.

Kinachotuokoa kila siku ni kwamba vena nyingi ni laini. Shinikizo likishuka zinajilaza na kujifunga zenyewe, kama mpira mwembamba ukinyonywa. Shida inaanzia kwenye zile zisizoweza kujilaza: mifereji ya damu ndani ya fuvu, iliyoshikiliwa na utando mgumu na mfupa, vena za ndani ya mfupa wenyewe, na ile mianya ya damu kwenye ukuta wa mfuko wa uzazi pale kondo lilipobanduka, ambayo nyama nene inayoizunguka huiacha wazi hadi mfuko ujikaze.

Kwa hiyo oksitosini, dawa ya kukaza mfuko, inafanya kazi ya pili ambayo huwa hatuitaji. Mfuko uliokaza umefunga mlango wa damu kutoka, na umefunga mlango wa hewa kuingia. Mfuko uliolegea, uliotolewa nje, ukainuliwa mkononi ili ushonwe vizuri, uko wazi pande zote mbili.

Tuchukue rula

Mama amelala sawa, kitanda hakijainama. Moyo wake uko kama sentimita 10 juu ya godoro. Ngozi ya tumbo, mtoto akishatoka, iko kama 20. Utoe mfuko uulaze juu ya tumbo, ongeza sentimita 5 nyingine. Mkato wa mfuko sasa uko sentimita 15 juu ya moyo, na hakuna aliyegusa mkono wa kitanda bado.

Shusha kichwa nyuzi 15. Kutoka moyoni hadi kwenye mkato ni kama sentimita 40 kwa urefu wa mwili, na kwa mwinamo huo mkato unapanda sentimita 10 zaidi. Jumla inakaribia 25. Shubiri nzima ya mkono wa mtu mzima, na kidogo juu yake.

Ni kweli kwamba kushusha kichwa kunarudisha damu ya miguuni kwenye moyo, na shinikizo la ndani linapanda. Lakini linapanda kwa sentimita chache tu, na haliwezi kufidia zile kumi.

Halafu ongeza mambo yanayokuja pamoja na upasuaji wenyewe. Ganzi ya mgongo imelegeza mishipa ya miguu na damu imetuama huko. Mama amepoteza mililita mia kadhaa, pengine zaidi kama kondo lilikaa chini au mfuko umegoma kukaza. Shinikizo la kwenye moyo, lililokuwa 6 au 7, limekaribia sifuri. Mama anayevuja damu ndiye mwenye mvuto mkubwa kuliko wote, na ndiye tunayekimbilia kumshusha kichwa.

Kuna mwingine: mgonjwa aliyelazwa kwa ketamini, dawa ya usingizi, anayepumua mwenyewe huku anakoroma. Kukoroma ni njia ya hewa iliyoziba nusu. Kila anapovuta pumzi kwa nguvu dhidi ya kizuizi kile, shinikizo la kifuani linashuka chini ya sifuri, na vena iliyo wazi inanyonya pamoja naye. Kuinua taya lake ni kinga dhidi ya hewa pia, siyo ya oksijeni peke yake.

Pampu iliyoingiza hewa

Dereva wa lori la dizeli anayepita njia ya Tabora hahitaji kufundishwa sehemu hii. Injini ikiingiza hewa kwenye mfumo wa mafuta, pampu inasukuma lakini haipeleki kitu. Hewa inabanwa, inaachiwa, inabanwa tena. Fundi hana ujanja mwingine, analegeza nati na kupampu kwa mkono mpaka povu liishe.

Chemba ya chini ya kulia ya moyo ikipokea hewa nyingi kwa mkupuo, inakuwa pampu ya namna hiyo. Hewa inakaa kwenye njia ya kutokea kuelekea mapafuni, moyo unaipiga povu, damu haisogei. Presha ya mkononi inaporomoka kwa sababu upande wa kushoto haupati cha kusukuma.

Hewa ikiingia kidogo kidogo ni habari nyingine. Mapafu yanachuja mapovu, mishipa midogo inabana, sehemu ya pafu inapata hewa bila damu, kisha taratibu mapovu yanayeyuka na mtu anayatoa kwa pumzi. Hiyo ndiyo dakika ya mwanzo wa makala hii: kifua kubana, oksijeni kushuka, kisha kurudi. Tafiti zilizosikiliza moyo kwa dopla, kifaa cha mawimbi ya sauti, wakati wa upasuaji wa kujifungua zimeikuta hewa kwa viwango vinavyotofautiana mno, kuanzia mama mmoja kati ya kumi hadi zaidi ya tisa kati ya kumi, kutegemea kifaa na namna ya kuhesabu. Wengi wao hawakuhisi chochote.

Robo hivi ya watu wazima wana kijitundu kilichobaki tangu tumboni mwa mama, kati ya chemba mbili za juu za moyo. Shinikizo la kulia likipanda, povu linaweza kuvukia kushoto na kwenda kichwani au kwenye mishipa ya moyo wenyewe. Ndiyo maana "hewa kidogo haina neno" ni kauli ya kuitumia kwa tahadhari.

Tunaionaje?

Kifaa kinachoiona mapema katika thieta ya kawaida ni kipimo cha kabonidayoksaidi kwenye pumzi inayotoka. Namba yake inaporomoka kabla ya oksijeni kushuka, kwa sababu damu haifiki mapafuni kuileta. Pale kifaa hicho kisipokuwepo, unabaki na oksimita, ile ndogo ya njano ambayo wengi tunaijua, na oksimita huchelewa. Ukiwa umempa mama oksijeni ya ziada tangu mwanzo, jambo ambalo ni jema, itachelewa zaidi.

Kuna sauti inayoandikwa vitabuni, ya gurudumu la kinu cha maji. Sijui nani hapa amewahi kusikia kinu cha maji. Chukua dumu la lita 20 lililojaa nusu, litikise: ndiyo sauti yenyewe, kwenye stetoskopu juu ya moyo. Ukiisikia umeshachelewa, lakini angalau unajua unapambana na nini.

Kinachofaa zaidi ni kuoanisha muda. Kifua kimebana lini? Mfuko ulikuwa nje? Kitanda kilikuwa kimeinamishwa? Ganzi inayopanda huleta mikono kufa ganzi na sauti kufifia, na hutangulia kuonekana katika dakika 10 hadi 20 za kwanza baada ya sindano. Hewa haina ratiba hiyo. Inafuata jeraha.

Tulichofundishwa

Hapa ndipo nilipokwama.

Kila mwanafunzi wa usingizi anakariri jibu la mtihani: ukishuku hewa kwenye moyo, mlaze mgonjwa kwa ubavu wa kushoto na ushushe kichwa. Jibu hilo linatokana na kazi ya Durant na wenzake ya mwaka 1947, waliofanya majaribio kwa mbwa. Mantiki yake inaeleweka: hewa inaelea, kwa hiyo ukimgeuza hivyo inapanda juu na kutoka kwenye mlango wa kuelekea mapafuni, damu ikapata njia.

Sasa liweke jibu hilo juu ya mama ambaye mfuko wake bado uko wazi.

Unashusha kichwa. Mkato unapanda. Mvuto unaongezeka. Dawa inafungua mlango ambao ugonjwa uliingilia.

Nilipoliona hilo kwa mara ya kwanza nilidhani nimekosea mahesabu, nikayarudia. Hayakubadilika. Halafu yapo majaribio ya miaka ya 1990, ya mbwa pia, yaliyopima mlalo baada ya hewa kuingizwa, na hayakuona moyo ukifanya kazi vizuri zaidi kwa kugeuzwa ubavu. Kwa hiyo tunashikilia mlalo ambao faida yake ina mashaka, katika hali ambayo madhara yake yanahesabika kwa rula.

Siutupi mlalo wa Durant moja kwa moja. Kwa hewa iliyoingia kupitia katheta ya shingoni (mpira unaoingizwa ndani ya vena), mlango ukishafungwa, hauna cha kupoteza. Lakini kwa jeraha lililo wazi mpangilio lazima ubadilike: kwanza ziba, kisha shusha jeraha, mengine baadaye.

Kwa mama wa upasuaji inakuwa hivi. Sema kwa sauti neno lenyewe, "hewa", ili daktari aache kushona. Yeye anaurudisha mfuko ndani ya tumbo, au kama haiwezekani anaubana kwa gozi zilizoloweshwa salaini (maji ya chumvi) na kumwaga salaini juu ya jeraha. Gozi kavu haizuii hewa. Wewe unarudisha kitanda sawa, au unainua upande wa kichwa kidogo ikiwa presha inaruhusu. Oksijeni yote uliyonayo, kwa barakoa yenye mfuko. Kumbuka mashine ya kuchuja oksijeni hutoa asilimia 90 hadi 96, tena ikisukumwa kwa kasi kubwa kuliko uwezo wake inashuka. Mtungi ukiwepo, fungua mtungi. Gesi ya kuchekesha (naitrasi oksaidi, gesi ya usingizi), kama inatumika, izimwe papo hapo, maana inapenya kwenye povu haraka kuliko naitrojeni inavyotoka na kulivimbisha. Maji ya dripu yakimbie. Efedrini, na kama haisaidii adrenalini kwa dozi ndogo.

Moyo ukisimama, mgonjwa analala chali kwenye kitanda kigumu na kifua kinakandamizwa, adrenalini miligramu 1 kila dakika 3 hadi 5. Hapo usipoteze sekunde kumgeuza ubavu. Mikandamizo yenyewe inavunja povu na kulisukuma mbele, kama fundi anavyopampu kwa mkono.

Shingo inataka kinyume

Nilitamani iwepo kanuni moja ya kubandika ukutani. Haipo, kwa sababu kitanda hakijui jeraha liko wapi.

Upasuaji wa rovu unafanywa kichwa kikiwa juu nyuzi 15 hadi 20, ili damu ipungue shingoni. Inapungua kweli, na vena za shingo ziko juu ya moyo. Kabla ya kufunga, daktari huomba kichwa kishushwe na mtu wa usingizi abane mfuko wa hewa kwa sekunde chache. Wengi wanajua hiyo ni ya kutafuta vena inayovuja. Ni hiyo hiyo inayoonyesha vena iliyokuwa inanyonya.

Majeruhi wa bodaboda aliyebonyea fuvu juu ya utosi, pale mfereji mkubwa wa damu unapopita katikati, analazwa kichwa juu nyuzi 30 kwa sababu ya ubongo. Kipande cha mfupa kikiinuliwa na hewa ikaingia, hapo kushusha kichwa ndiyo tiba yenyewe: jeraha linarudi usawa wa moyo, damu inaanza kutoka, na damu inayotoka ni habari njema. Salaini imwagwe, nta ipakwe kingo za mfupa, vena za shingo zibanwe taratibu kwa mkono sekunde chache ili tundu lijionyeshe.

Katheta kubwa ya shingoni, kama ya kusafishia damu, inatolewa mgonjwa akiwa amelala, kichwa chini kidogo, akitoa pumzi au ameibana. Unakandamiza dakika 5 au zaidi, unafunika kwa bandeji isiyopitisha hewa, na inabaki hapo siku nzima. Kumtoa mtu katheta hiyo akiwa amekaa anakunywa chai ni kuacha mpira wa Kibirizi umetobolewa juu.

Mwinamo ule ule unamlinda wa katheta na kumhatarisha wa mfuko wa uzazi.

Chupa yenye sindano juu

Nitoke kidogo kwenye kitanda, maana hili linahusu mkono mwingine unaopenda kusaidia.

Dripu ya mfuko laini hujikunja inavyoisha. Dripu ya chupa ngumu ya plastiki haijikunji, kwa hiyo tunachoma sindano juu ili hewa iingie na maji yashuke. Hiyo ni sawa. Balaa ni pale mama anapovuja damu, dripu inaonekana inachelewa, na mtu anaunganisha mpira wa kipimo cha presha au bomba kubwa la sindano kwenye tundu lile na kuanza kupampu hewa ndani ya chupa.

Maji yanakimbia kweli. Yakiisha, hewa iliyobanwa inafuata njia ile ile, kwa nguvu, na hapo hata urefu wa jeraha hauna maana tena.

Ukitaka kasi, weka kanula kubwa mbili, inua chupa juu zaidi. Mkanda wa presha ufunge kwenye mfuko laini tu, tena baada ya kuutoa hewa yote kwanza.

Mkono wa kitanda

Vitanda vingi vya thieta vina kasoro moja isiyoandikwa kwenye kitabu chake: mgonjwa anaweza kulazwa kinyume. Taa haifiki, au nguzo ya kitanda iko vibaya, basi kichwa kinawekwa upande wa miguu. Tangu hapo kila alama ya kitanda inasema uongo. Unazungusha "kichwa chini", miguu inashuka. Kwenye dharura utazungusha upande usio sahihi, na utaendelea kuzungusha, kwa sababu mkono umezoea.

Dawa yake ni plasta na kalamu. Kabla mgonjwa hajaingia, zungusha, tazama upande upi unashuka, bandika plasta, andika KICHWA. Kama kitanda ni cha umeme, ujue pia mahali ulipo mkono wa akiba, maana umeme ukikatika kitanda kinabaki kimeinama vile vile ulivyokiacha.

Kuhusu kutoa mfuko nje, sina ugomvi na madaktari. Jaribio la CORONIS, la kulinganisha namna za upasuaji wa kujifungua, lililotoa matokeo mwaka 2013 kwa akina mama zaidi ya 15,000 katika nchi saba, Kenya ikiwemo, halikuona tofauti ya maana kati ya kushonea nje na kushonea ndani katika matatizo makubwa waliyoyahesabu. Lakini halikuwa jaribio la kutafuta hewa wala la kupima mwinamo wa kitanda. Anayeshonea nje kwa sababu mkato umechanika hadi pembeni na damu inamzidi ana sababu. Matumbo kujaa kwenye jeraha ni sababu ndogo zaidi, na dawa yake ya kwanza ni gozi kubwa lenye maji ya uvuguvugu.

Hata lile pendekezo la kuinua kichwa nyuzi 5 kwa kila mama halijanishawishi. Tafiti zilizolijaribu hazikukubaliana, na kwa mama mwenye ganzi ya mgongo kichwa juu kunashusha presha zaidi. Kitanda sawa kinanitosha. Mwinamo wa kushoto wa kuondoa uzito wa mfuko juu ya mshipa mkubwa uondolewe mara mtoto anapotoka.

Kinachobaki ni zile sekunde mbili baada ya ombi. Orodha ya usalama ya upasuaji ya Shirika la Afya Duniani, ile ya mwaka 2008 iliyobandikwa kwenye kuta nyingi, haina swali la urefu wa jeraha juu ya moyo. Nafasi ya kuliandika kwa kalamu ipo pembeni, na linaweza kuulizwa kwa lugha ya kawaida kabisa:

"Dokta, nikishusha, mkato utakuwa shubiri nzima juu ya moyo. Urudishe ndani kwanza, au nikupe gozi?"

"Nipe gozi. Kubwa. Liloweshe."